Jina Kwenye Pambizo

Kila nilipokutana na mjane wa rafiki yangu pale Albert Park, Durban, kwenye saluni anakosuka watu nywele, aliniuliza swali lile lile: lini nitampeleka akaone jina la mume wake. Hakuuliza kwa kunibana. Aliuliza huku vidole vyake vikiendelea na kichwa cha mteja, kama mtu anavyouliza habari za nyumbani, nami nilimjibu kwamba bado, kitabu kimefungiwa, wenyewe wana mambo yao, avute subira kidogo. Mwaka wa kwanza nilipojibu hivyo nilikuwa nasema kweli. Mwaka wa pili nilikuwa nasema uongo.

Jina hilo nililiandika mimi. Niliandika kwa brashi ya nywele chache, ndani ya maua, kwenye ukurasa wa saba wa kitabu cha daktari mmoja wa Morningside, na nililificha vizuri mno. Kuficha jina ndiyo kazi yangu. Mimi ni mpakaji wa hina. Nilizaliwa Tanga, nikaja Durban na koni zangu za hina, nikawakuta Wahindi ambao kwao harusi haijawa harusi mpaka mikono ya bibi harusi ijae maua hadi viwikoni. Wana desturi moja: ndani ya maua yale mpakaji huficha jina la bwana harusi, herufi moja huku na nyingine kule, na siku yenyewe bwana harusi hupewa kiganja cha mkewe alitafute. Asipoliona anachekwa na ukoo mzima. Kwangu hawakuwa wakiliona. Nilijisifu kwa hilo miaka mingi, na sasa nikikumbuka naona haya.

Kwenye harusi mojawapo, Morningside, baba wa bibi harusi aliingia akasimama nyuma yangu nikiwa kazini. Wanaume huwa hawaingii chumba kile. Alikuwa mzee, daktari wa macho aliyestaafu, aliyefiwa na mkewe, na aliitazama mikono yangu kwa muda mrefu mpaka nikakereka nikamuuliza kama amepotea njia. Hakukasirika. Aliniambia niende kwake wiki inayofuata, na hina niiache nyumbani.

Nilikwenda kwa udadisi tu. Kwenye chumba chake cha kusomea palikuwa na karatasi moja ya kale ndani ya kioo, ndogo kama daftari la shule: mfalme ameketi barazani, kipanga yuko juu ya mkono wake, na zulia lina maua ambayo nisingeweza kuyapaka hata kwa sindano. Chini kabisa ukingoni palikuwa na mwandiko mwekundu usiosomeka kwa macho matupu. Daktari alinipa lenzi yake ya kazini nikainama, akaanza kunieleza, na nilikuja kujua baadaye kwamba akianza hamalizi.

Wafalme wa Kihindi wa zamani, alisema, walikuwa na nyumba ya vitabu, na ndani yake wachoraji wamekaa chini, kila mmoja na ubao wake magotini. Mfalme aliwapa karatasi, rangi, dhahabu, chakula na mahali pa kulala. Ukurasa mmoja ungeweza kupita mikono kadhaa: huyu amechora mistari, yule amejaza rangi, mwingine ameitwa kutia nyuso tu, maana uso ndio unaoharibika upesi. Mwingine alipamba pambizo, ile sehemu inayoizunguka picha. Mfalme akishaiona kazi, karani wa nyumba ya vitabu aliandika chini, kwa herufi ndogo, nani amefanya nini. Na mfalme akifa, au mfalme mpya akiwa hana haja na picha, mchoraji alifunga brashi zake akaenda kutafuta mfalme mwingine.

"Bila watu hawa," daktari alisema, "tusingejua hata mfalme huyu alikuwa na pua ya namna gani."

Alitaka kitabu cha ukoo wake kwa namna ile ile. Kurasa kumi na mbili, kuanzia babu wa babu yake aliyeletwa Natal kukata miwa mpaka yeye mwenyewe. Alikuwa na pesa, alikuwa na muda, na alikuwa na upweke, na nadhani upweke ndio uliokuwa mwingi zaidi. Nikamwambia mimi sijui kuchora watu. Akasema watu wana mwenyewe, mimi nitashika pambizo.

Mwenyewe wa watu ndiye huyo rafiki yangu, Mkongomani kutoka Lubumbashi. Daktari alimpata kwa ajabu: alikuwa amesimamisha gari kwenye robot, taa za barabarani, karibu na Albert Park, akaona bango la saluni lenye vichwa sita vya wanaume walionyolewa, kila kichwa na huzuni au furaha yake, akaliacha gari na kwenda kumuuliza mwenye saluni nani amechora. Mchoraji mwenyewe alikuwa mrefu, na mwenye kikohozi. Utani haukumwisha mdomoni. Siku ya kwanza alinitazama kuanzia ushungi mpaka viatu.

"Dada ya Tanga," akasema, "weye utachora maua, miye nachora vichwa. Docteur anabakisha tu kutafuta mutu ya kuchora miguu."

Sikucheka. Mimi ni mtu wa hasira za karibu, na nilidhani ananidharau. Ilinichukua wiki tatu kujua kwamba ndivyo alivyo na kila mtu, pamoja na Mungu.

Tulikaa chumba cha nyuma, meza mbili dirishani, zaidi ya miaka miwili. Brashi zilitoka India, za nywele za mkia wa kindi. Dhahabu ilikuja imesagwa, tukaiweka kwenye kombe dogo la baharini kama walivyofanya wale wa kale. Kila tabaka la rangi likikauka, ukurasa ulilazwa kifudifudi juu ya marumaru na kusuguliwa mgongoni kwa jiwe la akiki mpaka rangi ing'ae. Kazi hiyo nilitwishwa mimi, na mabega yangu hayajasahau. Rafiki yangu alikuwa akiniona nasugua ananiuliza kama nimeshamaliza kupiga pasi uso wa bibi ya docteur.

Saa sita chakula kililetwa kwenye sinia. Ijumaa daktari aliingia kukagua. Hakutuambia tusimame, lakini tulisimama. Aliinama na lenzi yake akapita kila kidole, kila ukucha, nasi tumeshika mikono nyuma. Siku hizo nilimchukia. Bibi wa bibi yake alirudishwa mara tatu kwa sababu uso wake ulikuwa umechoka.

"Docteur, huyu maman alikuwa anakata miwa," rafiki yangu alimwambia kwa Kiingereza chake. Daktari akajibu kwamba anajua alikuwa akifanya nini, arudie. Akarudia, akamfanya mwanamke yule atazame kama aliyetoka kuoga. Ukurasa wa tisa daktari alikuwa amesimama na kaka yake mbele ya duka la baba yao. Baada ya wiki moja akasema kaka atolewe. Waligombana zamani, hakueleza juu ya nini. Rafiki yangu akamfunika kaka kwa nguzo ya duka, na ukiuinua ukurasa kwenye jua unaona bado kivuli cha mtu nyuma ya nguzo.

"Siye tuko batu ya palais, ya mfalme, dada," aliniambia huku akichanganya rangi ya nguzo. "Roi akikohoa, na siye tunakohoa." Halafu akakohoa kweli, muda mrefu.

Yeye ndiye aliyeuliza habari za majina. Alikuwa amechora mabango ya saluni na maduka ya simu nusu ya mji, na chini ya kila bango kuna jina la mwenye duka na namba ya simu, lake hamna. Daktari alifurahi kuulizwa. Akatueleza tena habari za karani wa mfalme, kwamba mchoraji alingoja aandikwe, na kwamba siku kitabu kitakapoisha yeye mwenyewe, kwa mkono wake, ataandika chini ya kila ukurasa nani ametia nyuso na nani ametia maua. Kuhusu majina alikuwa na uchungu wa kweli. Alitusimulia jinsi vitabu vya kale vilivyovunjwa na warithi na wafanyabiashara, kurasa zikauzwa mojamoja, na pambizo likakatwa ili picha iingie kwenye fremu ya mnunuzi. Jina likaenda na pambizo. Alisema wachoraji wengi wamepotea kwa namna hiyo, kwa mkasi wa mtu asiyejua anachokata. Alipokuwa akisema hayo sauti yake ilipanda, na mara ile moja nilimpenda.

Rafiki yangu aliamini. Jioni ile ile alimwambia mkewe kwamba jina lake litaingia kwenye kitabu, na mke akaniambia mimi nilipopita saluni kesho yake, uso unameremeta. Mimi sikuamini. Nimewahudumia matajiri wa kutosha kujua kwamba huwa wanakusudia kabisa, halafu wanasahau. Ndipo nikaamua kumwandika mwenyewe.

Ukurasa wa saba ulikuwa harusi ya daktari. Marehemu mkewe ameketi, kichwa ameinamisha kidogo, na rafiki yangu alimtia uso ule kwa siku kumi na moja akitumia picha moja ya pasipoti. Daktari alipouona hakuinama na lenzi. Alivuta kiti akakaa. Kazi nzuri kuliko ile sijamwona mtu akiifanya. Pambizo la ukurasa ule nililijaza mmea unaotambaa, majani na yasimini, na pembe ya chini mkono wa kulia nikauzungusha mmea ukawa jina lake kamili, la kwao na la ubatizo. Langu sikuliandika. Niliona maua yenyewe yanatosha kuwa sahihi yangu. Na jina lake siliandiki hapa, nimeshalichezea vya kutosha.

Nikamwambia: umo ndani ya ukurasa wa saba, jitafute, uwe bwana harusi.

Alijitafuta. Alitumia lenzi ya daktari wakati wa chakula, akageuza ukurasa juu chini, akautazama kwa pembeni. Nilikuwa nakaa nakula wali wangu namtazama kwa raha.

"Dada, miye niko natafuta toka asubuhi, sinaone kitu. Kuko majani tu. Nionyeshe."

"Sikuonyeshi. Bwana harusi haonyeshwi."

"Eish. Hata herufi moja?"

"Hata nukta."

Mchezo huo uliendelea majuma mengi. Baridi ilipoingia kikohozi chake kikashuka kifuani, akaanza kuja siku mbili na kukosa tatu, halafu hakuja. Nilimpelekea supu kwenye chumba chao Albert Park, ghorofa ya sita, lifti imekufa. Amelala upande mmoja, shingo imekuwa nyembamba, na kitu cha kwanza kuniuliza ni jina liko upande gani, juu au chini. Ningemwambia tu. Pembe ya chini, kulia, fuata shina lenye yasimini tatu. Maneno machache. Lakini nilidhani nikimnyima atapata hamu ya kuinuka, au labda nilikuwa bado nacheza, sijui.

"Pona kwanza," nikamwambia. "Ukipona nitakushika kidole nikuonyeshe."

"Sharp," akakubali, akafumba macho. Alikufa baada ya siku nne.

Msibani mkewe aliketi katikati ya wanawake wa kanisani kwao, mikono imelala mapajani haina kichwa cha kusuka. Nilipoinama kumpa pole alinishika kiganja.

"Dada, alisema jina yake iko ndani ya kitabu. Alisema ulimufichia. Ni kweli?"

"Ni kweli, shemeji. Limo. Nitakupeleka ulione kwa macho yako."

Nilimwahidi mbele ya wanawake wale wote, na nilikuwa na hakika. Kitabu kilikuwa palepale mezani kwangu.

Nilimaliza kurasa zilizobaki peke yangu. Nyuso alikuwa amezitanguliza zote, kama aliyejua. Mara mbili nilimwomba daktari nimlete mjane, naye akasema tungoje kitabu kifungwe, ataandika majina kwanza, halafu mama yule aje aone kila kitu kikiwa sawasawa, kwa heshima yake. Alikuwa ameshanunua wino mwekundu.

Halafu kiharusi kikampiga. Nilimkuta kwenye kiti chake karibu na dirisha, mdomo umekwenda upande, mkono wa kulia umelala kama kitu cha mtu mwingine. Kurasa kumi na mbili zilikuwa mbele yake. Alinyanyua mkono wa kushoto, akashika kalamu, akaielekeza chini ya ukurasa wa kwanza, na mimi nikauzuia ukurasa usiteleze. Wino ukaacha nukta moja, kisha mstari uliopinda, kisha kalamu ikaanguka. Alilia. Nilimfuta mdomo kwa kitambaa changu cha rangi, maana hakukuwa na kingine karibu, nikamwambia tutaandika kesho.

Wiki ile ile bintiye, yule yule niliyempaka hina, alitoka kwake akaja kuishika nyumba. Alinishukuru kwa adabu, macho yakiwa kwenye simu yake, akachukua ufunguo wa chumba cha nyuma. Mzee alikaa miezi michache zaidi akafa, na habari nilizipata sokoni.

Nikawa mchoraji asiye na mfalme. Hina peke yake haikunitosha, vidole vilikuwa vimeanza kukakamaa kwa baridi yabisi, nikatafuta hapa na pale mpaka nikapata kazi Pinetown, nje kidogo ya Durban, kwenye duka la fremu. Mwenye duka alinipenda kwa sababu naijua karatasi. Nilikuwa nakata kadibodi, nasafisha vioo, nabandika migongo ya picha za machweo na za mbwa wa watu. Sikulalamika. Mjane aliendelea kuniuliza, nami nilikuwa nafikiria jinsi ya kumwendea yule binti, siku nikipata maneno mazuri ya kumwambia.

Akaja mwenyewe. Aliingia dukani asubuhi moja na sanduku bapa la kadibodi, na nyuma yake dereva amebeba fremu kumi na mbili zilizofungwa kwa taulo. Niliujua ukubwa wa sanduku lile kabla halijafunguliwa. Alinisalimia vizuri tu. Hakunitambua. Miaka miwili na zaidi niliingia nyumba ya baba yake kwa lango la nyuma, na kabla ya hapo mikono yake ililala mapajani mwangu saa sita nzima, lakini nilikuwa nimevaa koti la duka na miwani, na sijui kama aliwahi kuutazama uso wangu.

Fremu nazo nilizijua. Zilikuwa kwenye korido ya daktari, zenye vyeti vyake na picha za kliniki yake. Watoto wamekubaliana, alieleza, kugawana kurasa nne nne. Kaka yake, aliyepata ukurasa wa harusi, yuko Australia, dada yake yuko London, yeye yuko hapa. Wote wanataka picha za baba zikae ndani ya fremu za baba. Alipotamka hilo la fremu za baba aligeukia dirishani kidogo. Hakuwa mtu mbaya. Nasema hivyo sasa. Shida ilikuwa moja, kurasa zilikuwa kubwa kuliko fremu.

"Ukate maua tu," alisema. "Picha yenyewe usiiguse."

Maua tu.

Sentensi moja ingetosha. Dada, ukurasa wa saba una jina la mtu aliyemchora mama yako, kama lile nililokufichia kiganjani. Nani mwingine angeelewa upesi kama yeye? Mumewe alikipekua kiganja kile mbele yetu sote akashindwa, naye alicheka mpaka wanja ukamchirizika. Sentensi nilikuwa nayo mdomoni tayari. Ndipo akamgeukia bosi wangu, akamuuliza kwa sauti ya chini ambayo niliisikia vizuri kabisa: huyu anaiweza kazi ya uangalifu?

Hasira ikanipanda mpaka masikioni. Nikalivuta sanduku kwangu. Nikajiambia maua ni yangu, niliyapanda mimi, nitayakata mimi, na wao wabaki na picha zao. Jina halikuwa langu, na hilo sikujiambia.

Nilikata taratibu, kwa rula ya chuma na kisu kipya, kama nilivyofundishwa. Kila ukurasa pande nne. Yasimini, majani, ndege wawili niliowachora siku niliyokuwa na furaha. Ukurasa wa saba niliuweka chini kabisa ili uwe wa mwisho, na ulipofika niliuweka chini ya taa nikalitafuta jina. Sikuliona. Mimi niliyeliandika nilizunguka pembe ile mara mbili tatu, nikadhani labda nimekumbuka vibaya, labda ni ukurasa mwingine na umeshakatwa. Halafu shina la kwanza likageuka likawa herufi, na nyingine zikafuata.

Bado nilikuwa na nafasi. Binti alikuwa amekwenda kunywa kahawa mtaa wa pili. Ningemwambia bosi kwamba ukurasa huu hauwezi, utengenezewe fremu yake. Ningesimama mlangoni nikamngoja mwenyewe. Bosi aliuliza toka kwenye kaunta kama bado. Nikasema bado kidogo, nikakandamiza rula, nikakata.

Vipande vya kurasa nyingine vilikwenda kwenye kapu la takataka. Kile kimoja nilikitia kwenye bahasha, bahasha nikaitia kwenye pochi yangu, nikaendelea na vioo.

Alasiri binti alirudi. Alipitia fremu moja moja, na ya saba akaishika kwa muda mrefu. Mama yake alikuwa amekaa mle ndani, kichwa ameinamisha, bila maua, na lazima niseme alipendeza.

"Sijui baba aliwapata wapi watu hawa," alisema, na macho yake yalikuwa kwangu kwa mara ya kwanza. "Alikuwa akijaribu kutuambia majina yao, lakini maneno hayakumtoka. Hatukuwajua."

Pochi yangu ilining'inia kwenye msumari, hatua tano kutoka pale. Nilizifunga fremu zake kwa taulo zilezile, nikamfungulia mlango.

Sijawahi kumweleza mtu kwa nini sikusema hata pale. Nimejitetea kwa uchovu, kwa bosi, kwa aibu ya kuonekana nimekata kitu nilichojua. Hilo la mwisho ndilo la kweli. Kabla ya kukata ilikuwa hasira, na baada ya kukata ilikuwa woga, na mambo hayo mawili yalipokezana vizuri mpaka gari lake likaondoka. Usiku na mchana nilikuwa namsikia daktari na lile neno lake, mkasi wa mtu asiyejua anachokata. Mimi nilijua.

Mwezi uliopita mjane alinipigia simu. Amepata makaratasi, yeye na binti yake, wanakwenda Canada kwa dada yake, na hatarudi tena. Hakunilaumu. Aliniomba tu, kama wenyewe wanakataa watu kuingia, niwaombe hata picha ya simu.

Nilipanda ngazi zile ghorofa sita. Masanduku yalikuwa katikati ya chumba, kitanda kimeshauzwa, tukakaa juu ya godoro. Nilimtolea bahasha. Alikwenda kwanza kunawa mikono, akaikausha kwa kanga, akarudi akakaa. Nikakiweka kipande juu ya Biblia yake ili kipate mahali pa kulala, nikachukua kijiti cha meno, nikamwonyesha shina lenye yasimini tatu, halafu herufi ya kwanza, halafu ya pili. Ya tatu aliiona mwenyewe. Akaendelea peke yake mpaka mwisho, midomo inatembea, kisha akalitamka jina lote, la kwao na la ubatizo, kwa sauti ya kumwita mtu aliye chumba cha pili.

Alikaa nalo. Mimi nilitazama masanduku.

"Na picha yenyewe iko wapi, dada?"

"Australia, shemeji. Watoto walikigawana kitabu."

"Sasa hii kipande ilitoka je?"

"Kilikatwa. Picha haikutosha kwenye fremu."

Aliugusa ukingo wa karatasi, pale kisu kilipopita, ulionyooka kabisa.

"Nani alikata?"

"Mtu wa duka la fremu."

Aliifungua Biblia, akakilaza kipande ndani, akaifunga na kuiwekea mkono juu. Hakuwa na hasira hata kidogo, alikuwa anataka kuelewa tu.

"Ile mutu," akauliza, "hakuona kama pale iko jina ya mutu?"

"Hakuona, shemeji," nikamwambia. "Nililificha mno."